Kombe lililopatikana Desemba: FA ya wanawake, msimu wa 2020/21

Swali hili naulizwa mara kwa mara na wasomaji wanaopitia rekodi za Chelsea ya wanawake: inakuwaje kombe la msimu wa 2020/21 likachukuliwa tarehe 5 Desemba 2021, wakati msimu wa 2021/22 uko katikati? Wengi hudhani ni kosa la uchapaji. Si kosa. Katika misimu yote ya Kombe la FA la wanawake Uingereza niliyowahi kuichambua, huu ndio ninaourudia zaidi, kwa sababu unaonyesha waziwazi kombe la mtoano limejengwaje na nani analibeba mgongoni.

Tuanze na mfumo. Timu za Ligi Kuu ya wanawake haziingii mwanzoni. Msimu ule ziliingia raundi ya nne. Kabla ya hapo kuna miezi ya raundi za mchujo na raundi za awali ambazo zinachezwa na timu za madaraja ya chini, zenye wachezaji wanaofanya kazi nyingine mchana na kufanya mazoezi jioni. Ukizisimamisha timu hizo, hakuna raundi ya nne.

Corona ilipogonga, serikali na Chama cha Soka cha Uingereza, FA, waliligawa soka mafungu mawili: la ngazi ya juu, lililoruhusiwa kuendelea, na lisilo la ngazi ya juu, lililotakiwa kusimama. Kombe la wanawake likawekwa fungu la pili, kwa kuwa raundi zilizobaki zilikuwa za timu ndogo. Likasimama Novemba 2020, na Januari 2021 likasimamishwa tena.

Hapa ndipo pananiuma. Timu ndogo za wanaume zilikuwa zinacheza Kombe lao la FA kipindi hichohicho. Tarehe 10 Januari 2021 Marine, timu ya daraja la nane, iliikaribisha Tottenham uwanjani kwake na mechi ikarushwa moja kwa moja kwenye televisheni. Nafurahi kwamba Marine walipata siku yao, walistahili. Lakini wakati huo timu za daraja la tatu la wanawake, ngazi tano juu ya Marine, zilikuwa zimeambiwa zikae nyumbani. Kirusi hakikujua tofauti hiyo. Ilikuwa ni suala la nani anahesabiwa kuwa wa maana.

Hata hivyo FA walifanya jambo moja ambalo naliunga mkono hadi leo. Wangeweza kuzifuta raundi zilizobaki na kuanza moja kwa moja na timu kubwa, ili fainali iwahi Mei. Walisubiri. Timu za chini zikarudi uwanjani majira ya kuchipua 2021, zikamaliza raundi zao, na Aprili ndipo vigogo wakaingia.

Gharama ya kusubiri ilikuwa kalenda. Tarehe 15 Mei 2021 Leicester City ya wanaume iliifunga Chelsea 1-0 Wembley na kubeba Kombe la FA. Kesho yake Leicester City ya wanawake, iliyokuwa imetoka kuchukua ubingwa wa daraja la pili na kupanda Ligi Kuu, iliitoa Manchester United kwa mabao 3-2. Wikiendi ya furaha kwa mji mzima, ila angalia tofauti: wanaume walikuwa wamemaliza, wanawake walikuwa raundi ya tano. Mechi hiyo ndiyo ilikuwa ya mwisho kwa Casey Stoney kama kocha wa United.

Baada ya hapo likizo. Robo fainali zikasogezwa hadi mwishoni mwa Septemba: Arsenal 5-1 Tottenham, Chelsea 4-0 Birmingham, Manchester City 6-0 Leicester, Brighton 1-0 Charlton. Nusu fainali Oktoba 31, na zote mbili ziliisha 3-0: Arsenal wakaitoa Brighton, Chelsea wakaitoa City. Wakati huo mchujo wa kombe la msimu uliofuata ulikuwa umeshaanza. Makombe mawili ya jina moja yakawa yanachezwa kwa pamoja.

Kwa hiyo nikisikia mtu anasema "Chelsea ya 2020/21 ilibeba mataji matatu ya ndani", nakubali kwa rekodi, lakini naongeza maelezo. Ligi na Kombe la Ligi walivichukua kabla ya kiangazi. Taji la tatu lilichukuliwa na kikosi chenye usajili mpya, dhidi ya Arsenal ambayo ilianza kombe chini ya kocha Joe Montemurro na kulimaliza chini ya kocha Jonas Eidevall. Tena Arsenal hiyo ya Eidevall ilikuwa inaongoza ligi, na Septemba ilikuwa imeifunga Chelsea 3-2. Waliokuwa wanaipa Arsenal nafasi kubwa fainali hawakuwa wajinga.

Dakika ya tatu ya fainali hiyo, Wembley, hesabu zao zikavurugika. Arsenal walishindwa kuuondoa mpira mbele ya lango lao, Fran Kirby wa Chelsea akaufikia na kufunga. Ukiitazama mechi kwa makini, bao lile ni matokeo ya mpango: Emma Hayes, kocha wa Chelsea wakati huo, aliwapanga mabeki watatu nyuma na kuwaamuru walio mbele wakabe juu kabisa, hivyo kila beki wa Arsenal aliyegeuka na mpira alikuta jezi ya bluu usoni. Vivianne Miedema wa Arsenal, mfungaji hatari kuliko wote kwenye ligi ile, alikaa dakika nyingi bila kuletewa kitu.

Sam Kerr, mshambuliaji wa Chelsea, akafunga la pili dakika ya 57, akikata kuingia ndani na kupiga chini, karibu na mwamba wa karibu. La tatu, dakika ya 77, nimelitazama mara nyingi kuliko bao lolote la kombe hili. Anakimbilia mpira, beki yuko nyuma yake, kipa Manuela Zinsberger anatoka. Washambuliaji wengi hapo hupiga kwa nguvu na kuomba Mungu. Kerr anaunyanyua mpira taratibu, unapanda juu ya kipa, unashuka wavuni. Kipa kavishwa kanzu mbele ya watu 40,942. Likawa kombe la tatu la FA kwa Chelsea, baada ya 2015 na 2018. Arsenal walibaki na yao 14, idadi ambayo hakuna aliyeifikia.

Bingwa alipata pauni 25,000. Leicester ya wanaume, kwa kombe la jina lilelile na msimu uleule, ilipata pauni milioni 1.8. Kwa klabu kama Chelsea fedha hiyo haibadilishi kitu. Kwa timu ya daraja la nne inayolipia basi la safari kwa michango ya wachezaji, zawadi ya raundi moja ni msimu mzima. Ndiyo maana mjadala uliozuka baada ya hapo ulikuwa wa lazima, na kuanzia msimu wa 2022/23 mfuko wa zawadi ukapandishwa hadi pauni milioni 3.

Na kuhusu tarehe. Desemba 5, 2021 ilitimiza miaka 100 kamili tangu FA iwapige wanawake marufuku kucheza kwenye viwanja vya klabu wanachama wake. Azimio la 1921 lilisema mpira wa miguu haufai kabisa kwa wanawake. Marufuku hiyo ilidumu karibu miaka 50. Fainali ya kwanza ya kombe hili, Southampton 4-1 Stewarton Thistle, ilichezwa mwaka 1971.

Kilichowasumbua wakubwa wa 1921 hakikuwa udhaifu wa wanawake hao. Tarehe 26 Desemba 1920 Dick, Kerr Ladies, timu iliyozaliwa kiwandani Preston, ilicheza na St Helens uwanja wa Goodison Park mbele ya watu wapatao 53,000, na maelfu wengine wakakosa nafasi ya kuingia. Umati wa Wembley wa 2021, pamoja na matangazo yote na Sam Kerr uwanjani, ulikuwa pungufu ya ule. Fainali ya 2022 nayo haikuufikia. Umati wa Goodison ulipitwa na fainali ya kombe hili tarehe 14 Mei 2023, Chelsea na Manchester United, watu 77,390.