Kwa nini Mahabharat ya runinga inasimuliwa na Wakati?

Tarehe 2 Oktoba 1988, Jumapili asubuhi, kituo cha taifa cha India, Doordarshan, kilianza kurusha Mahabharat, tamthilia ya B.R. Chopra na mwanawe Ravi, iliyotokana na utenzi wa kale wa Kisanskriti juu ya vita vya ndugu wa ukoo mmoja wa kifalme. Mahendra Kapoor anaimba utangulizi, kisha skrini inajaa anga na gurudumu linalozunguka. Hakuna uso. Sauti nzito ya kiume inasema kwa Kihindi: "Main samay hoon." Mimi ni Wakati. Tangu hapo sauti hiyo ndiyo inayokuongoza katika sehemu zote 94, hadi Juni 1990.

Kwa miaka mingi niliamini anayesema pale ni Mungu, na kwamba kitabu chenyewe cha Kisanskriti huanza hivyo hivyo. Yote mawili si kweli, na inafaa kuyafungua polepole, kwa sababu jibu limo humo.

Kosa la kwanza lina chanzo chake. Ndani ya wimbo wa utangulizi mna beti za Bhagavad Gita, sehemu ya utenzi huo ambamo Krishna, mungu aliyejifanya mtu, anazungumza na shujaa Arjuna; katika sura ya 4 anasema kwa nafsi ya kwanza: kila haki inapofifia na uovu ukazidi, najileta mwenyewe duniani. Wimbo unakwisha, na sauti nyingine inaingia nayo ikisema "mimi". Sikio linaziunganisha hizo "mimi" mbili. Tena Gita yenyewe inakusukuma huko huko: katika sura ya 11, Krishna anapomwonyesha Arjuna umbo lake la kutisha, anamwambia kwamba yeye ndiye kala, wakati unaoangamiza walimwengu. Kwa hiyo anayesikia uungu katika sauti ile hajakosa ushahidi. Lakini fuatilia sehemu chache tu na utaona Wakati anamzungumzia Krishna kama anavyowazungumzia wahusika wengine, Bhishma na Draupadi: ni mmoja wa watu aliowaona. Hatoi amri wala hamwokoi mtu. Anashuhudia.

Kosa la pili ni kubwa zaidi. Katika utenzi wa Kisanskriti, Wakati si msimulizi. Anayefungua kinywa ni mtu aitwaye Ugrashravas, mpiga hadithi aliyefika msitu wa Naimisha na kuwakuta wahenga wakifanya ibada. Anawasimulia aliyoyasikia kwa Vaishampayana. Naye Vaishampayana alikuwa akimsimulia mfalme Janamejaya, kitukuu cha Arjuna, katika kafara ya kuwateketeza nyoka. Na Vaishampayana alifundishwa na Vyasa, anayehesabiwa kuwa mtunzi. Hapo inakuja ajabu ninayoipenda kuliko zote: Vyasa mwenyewe yumo ndani ya hadithi, tena ni babu wa pande mbili zinazopigana. Ukifika kwenye vita, anazuka msimulizi mwingine tena, Sanjaya, anayemweleza mfalme kipofu Dhritarashtra yanayotokea uwanjani.

Msomaji anayejua isnadi, mnyororo wa wapokezi wa Hadithi za Mtume, ataielewa haraka. Fulani kapokea kwa fulani, naye kapokea kwa fulani, hadi kwa aliyekuwepo. Mnyororo ule ndio unaoipa habari uzito: kila jina ni mkono uliolibeba neno bila kuliangusha. Kwenye maandishi hauchoshi, kwani jina ni neno moja tu, unalisoma na kupita. Sasa chukua mnyororo huo uuweke mbele ya kamera. Kila mpokezi anahitaji mwili, vazi, mahali pa kuketi na watu wa kumsikiliza. Mtazamaji aliyefungua runinga kuona vita vya Kurukshetra anaonyeshwa kwanza msitu wenye wahenga, halafu moto wenye nyoka, halafu mwalimu na mwanafunzi wake, na bado hajafika kwa mfalme wa kwanza. Ni kama kufika kwa mwenyeji ukapitishwa ukumbi baada ya ukumbi, kila mlango ukitambulishwa kwa mwenye nyumba mpya, nawe umekuja kula.

Peter Brook, aliyeutengeneza utenzi huo kwa jukwaa mwaka 1985, alibakisha kiungo kimoja: Vyasa anamsimulia mtoto, na Ganesha, mungu mwenye kichwa cha tembo, anaandika. Tamthilia ya Chopra iliondoa viungo vyote ikaweka shahidi mmoja asiyehitaji mpokezi, kwa kuwa alikuwepo kila mahali. Wakati hana haja ya kusema "nilisikia". Anaweza kuruka vizazi kwa sentensi moja, au kusimama katikati ya tukio na kusema hapa ndipo mambo yalipoharibika.

Mazungumzo ya tamthilia hiyo yaliandikwa na Rahi Masoom Raza, mshairi na mwandishi wa riwaya, Mwislamu wa Ghazipur aliyewahi kusomesha Kiurdu katika chuo kikuu cha Aligarh. Wazo la kumpa Wakati ulimi kwa kawaida huhesabiwa kuwa lake. Aliyemtolea sauti ni Harish Bhimani.

Neno lenyewe nalo lina mambo. Kihindi kina maneno mawili ya kawaida kwa jambo hili: samay, la asili ya Kisanskriti, na waqt, lililotoka Kiarabu, ndugu wa damu wa "wakati" wetu. Mwaka 1965 B.R. Chopra alikuwa ametoa filamu iitwayo hasa Waqt, iliyoongozwa na mdogo wake Yash. Hapa, katika tamthilia iliyotokana na utenzi wa Kisanskriti, msimulizi anajiita Samay. Angejiita Waqt, Mswahili asiyejua hata neno moja la Kihindi angemtambua papo hapo.

Naye Wakati akishajitambulisha, haanzii kwenye vita. Anaanza na Bharat, mfalme aliyewatazama wanawe tisa, akaona hakuna anayefaa, akampa urithi Bhumanyu, mwana asiyetoka kiunoni mwake. Vizazi vinapita, na anakuja Shantanu, ambaye penzi lake kwa Satyavati linamfanya mwanawe aliyefaa kuliko wote, Devavrata, akiache kiti kwa watoto ambao hata hawajazaliwa.