Je, wajua kwa nini mtu-mbwamwitu wa Hispania alikuwa Mpolandi?

Ukitazama filamu za kutisha za Hispania za miaka ya 1970, kuna jambo litakutatiza. Waigizaji wengi ni Wahispania, na magofu na makaburi ni ya huko huko. Lakini yule muungwana anayeota manyoya mwezi ukiwa mpevu anaitwa Waldemar Daninsky, na ni Mpolandi. Amefuata nini huko?

Jibu liko mezani kwa wakaguzi wa serikali. Enzi za Jenerali Franco, dikteta wa Hispania, skripti ilipitiwa na wakaguzi kabla kamera haijawashwa. Jacinto Molina, mzaliwa wa Madrid, alikuwa ameandika hadithi iliyoitwa La marca del hombre lobo, yaani Alama ya Mtu-Mbwamwitu. Kwa maelezo yake mwenyewe, shujaa wake mwanzoni alikuwa mtu wa Asturias, kaskazini mwa nchi. Wakaguzi wakagoma: Mhispania hawezi kugeuka mnyama. Akiwa mgeni, ruksa. Molina akafuta jina, akaweka jingine, na filamu ikatoka mwaka 1968. (Kwetu pia anayesemwa kugeuka fisi usiku huwa ni wa kijiji cha pili. Wakaguzi wale wangeelewana vizuri na wazee wetu.)

Na Upolandi aliutoa wapi? Kwenye vyuma. Kabla ya filamu Molina alikuwa mnyanyua vitu vizito, tena bingwa wa Hispania mwaka 1958. Jina la Waldemar alilichukua kwa Waldemar Baszanowski, Mpolandi aliyetwaa dhahabu ya Olimpiki katika mchezo huo mwaka 1964 na 1968.

Hakupanga kuigiza. Aliyetakiwa ni Lon Chaney Mdogo, Mmarekani aliyecheza mtu-mbwamwitu huko Hollywood miaka ya 1940, lakini kwa wakati huo alikuwa mzee na mgonjwa. Basi manyoya yakabandikwa kwenye uso wa mwandishi. Likazuka la jina: Wajerumani walioshiriki kugharamia filamu hawakuamini kwamba “Jacinto Molina” lingeuza tiketi nje. Akaona habari za Papa Paulo wa Sita gazetini, akachukua Paul. Kisha akarudi kwenye vyuma: kulikuwa na mnyanyuaji wa Hungaria aitwaye Imre Nagy, naye akaligeuza kidogo likawa Naschy. Paul Naschy akazaliwa hivyo, nusu papa, nusu mbeba vyuma.

Soko la nje lilikuwa na vituko vyake. Filamu nyingi za aina hii zilipigwa mara mbili: katika nakala ya Hispania wanawake wamevaa, katika nakala ya kuuza nje hawajavaa. Marekani ndiko walikochekesha zaidi. Msambazaji alikuwa ameahidi majumba ya sinema filamu ya Frankenstein, yule mwanasayansi wa hadithi aliyeunda jitu, ambayo hakuwa nayo, akaichukua hii ya 1968 na kuiita Frankenstein’s Bloody Terror. Frankenstein hayumo hata dakika moja. Mwanzoni wakabandika maelezo kwamba ukoo wa Frankenstein ulilaaniwa, ukawa ukoo wa mbwamwitu, na mambo yakaendelea.

Mwaka 1971 filamu nyingine ya Daninsky, La noche de Walpurgis, iliyoongozwa na León Klimovsky, ikavuta watazamaji wengi, na wimbi la filamu za kutisha likaanza Hispania. Franco alifariki 1975, ukaguzi wa filamu ukafutwa 1977, na Molina sasa angeweza kumrudisha shujaa wake Asturias. Hakumrudisha. Daninsky alifia na kufufukia katika zaidi ya filamu kumi, na ile ya 1983 ikampeleka hadi Japani kutafuta dawa ya laana yake, akiwa Daninsky yule yule.

Mwaka 2001 serikali ya Hispania ilimpa medali ya dhahabu ya sanaa. Alifariki Madrid mwaka 2009. Ukipata filamu zake, angalia orodha ya majina mwanzoni: mara nyingi skripti ni ya Jacinto Molina na mwigizaji mkuu ni Paul Naschy, kama watu wawili wasiofahamiana.