Usimamizi wa Kisayansi si Kuongeza Tageti

Katika mashamba ya maua ya huku kwetu Kaunti ya Nakuru, meneja akishaweka mashine ya alama za vidole langoni na kamera juu ya meza za kufungia maua, husikika akisema sasa kampuni "inafuata usimamizi wa kisayansi". Mwezi unaofuata tageti, yaani kiasi cha kazi ambacho mfanyakazi hutakiwa kufikisha, inapanda. Jina hilo linatumiwa vibaya, na anayeumia ni mvunaji.

Kwa ufupi, usimamizi wa kisayansi ni kuichunguza kazi hatua kwa hatua, kutafuta njia bora ya kuifanya, kumchagua na kumfundisha mfanyakazi njia hiyo, na wasimamizi nao kubeba sehemu yao ya kupanga na kuandaa. Aliyeueneza ni mhandisi Mmarekani, Frederick Winslow Taylor, katika kitabu chake cha 1911.

Wengi huuchanganya na malipo kwa kipimo. Mchuma chai wa Nandi hulipwa kwa kilo, lakini malipo ya namna hiyo yalikuwapo duniani kabla Taylor hajazaliwa. Na mwaka 1912, mbele ya kamati ya Bunge la Marekani, Taylor mwenyewe alitaja yasiyo usimamizi wa kisayansi: si malipo kwa kipande, si bonasi, si kumsimamia mtu ukiwa na saa ya kupimia muda huku ukiandika habari zake. Kiini chake, alisema, ni mageuzi ya fikra kwa mwajiri na mfanyakazi, wote wawili.

Chukua habari ya mabeleshi. Katika kiwanda cha chuma cha Bethlehem, Pennsylvania, Taylor aligundua kwamba mtu huhamisha mzigo mkubwa zaidi kwa siku beleshi lake likibeba kama ratili 21, yaani kilo 9 na nusu. Basi kampuni ikatoa mabeleshi tofauti: madogo kwa mawe ya chuma, mapana kwa majivu. Aliyeanza kugharamika hapo ni mwajiri.

Simtetei Taylor kwa kila jambo. Kwa maelezo yake mwenyewe, mbeba chuma alitoka tani 12.5 kwa siku hadi 47.5, na ujira ukatoka dola 1.15 hadi 1.85. Kazi karibu mara nne, nyongeza asilimia 60! Na fikra zote za kazi alizihamishia ofisini, fundi akabaki kutekeleza tu. Agosti 1911, wafanyakazi wa kiwanda cha silaha cha Watertown, Massachusetts, waligoma kazi yao ilipopimwa muda kwa saa, na mgomo huo ukachangia yeye kuitwa Bungeni.

Kwa hiyo ukiambiwa shamba lenu limeingia usimamizi wa kisayansi, uliza kwa heshima: mkasi upi umebadilishwa, toroli ipi imesogezwa karibu, nani amefundishwa na kwa muda gani? Kama jibu ni kamera na namba mpya ukutani, hiyo ni tageti iliyoongezwa, na iandikwe hivyo katika kumbukumbu za kikao cha chama cha wafanyakazi kabla mazungumzo ya mshahara hayajaanza.