Kiti cha nyuma ndicho kinachoumia zaidi

Kila ndege za F-5 za jeshi letu zinapopita juu ya Nairobi Siku ya Jamhuri, watu huniuliza marubani vitani huogopa nini zaidi. Wengi hutarajia niseme kombora. Mimi ni daktari wa marubani, kwa hiyo jibu langu huanza na damu.

Ndege ikikata kona kali, kila kitu mwilini huongezeka uzito. Kwenye 7G, yaani uzito mara saba ya kawaida, kichwa na kofia, ambavyo kwa pamoja ni kilo 7 hivi, huilemea shingo kama mfuko wa saruji wa kilo 50. Damu nayo huvutwa kwenda miguuni. Kila G inayoongezeka hupunguza presha kichwani kwa takriban milimita 22 za zebaki. Macho ndiyo hutangulia: rangi hufifia, pembeni huingia giza, kisha rubani haoni kabisa ilhali redio bado anaisikia. Akizidi kuvuta usukani, anazimia. Kona ikija ghafla mno, hata dalili hizo hazipati. Huzimia kwa sekunde 12 hivi, na nyingine kama hizo amezinduka lakini hajui aliko. Kwa mwendo wa mita 250 kwa sekunde, ndege imeshakwenda kilomita 6 bila mwenyewe.

Suruali inayojaa hewa na kubana mapaja na tumbo humwongezea ustahimilivu wa G moja hivi. Kazi kubwa ni yake: akaze miguu na tumbo, abane pumzi, aibadilishe haraka kila sekunde 3, huku akimtafuta adui nyuma ya bega.

Ninayemhurumia hasa ni mwenzake wa nyuma. Katika ndege za kivita za viti viwili, kama F-4 za Marekani kule Vietnam, na Tornado za Uingereza katika Vita vya Ghuba vya 1991, huyu ndiye aliyekuwa ameinamia rada. Rubani anaijua kona kabla haijaja, maana mkono ni wake. Navigeta, huyo wa nyuma, kona inamkuta shingo imepinda, misuli imelegea. Wanaoelewana huambiana kwanza, lakini kombora likishaonekana hakuna muda wa kusema.

Kisha kuna kujirusha nje ya ndege kwa kiti cha dharura. Tarehe 17 Januari 1991, Tornado ya John Peters na navigeta wake John Nichol ilitunguliwa Iraq. Waliruka, wakatekwa, wakaonyeshwa kwenye televisheni. Kiti kile humrusha mtu kwa nguvu inayoweza kuvunja pingili za mgongo, hasa akiwa ameinama.

Ndiyo maana nashikilia kwamba mazoezi ya shingo na mgongo kwa wa kiti cha nyuma yawe ya lazima, tena yaanze kabla hajapanda ndege.