Seremala aliyeisuka saa ya baharini

Simu yako ikisoma saa sita kamili mchana, jua la Dar es Salaam bado halijafika juu kabisa. Kwa wastani hufika dakika 23 baadaye. Saa yetu ya Afrika Mashariki imepimwa kwa longitudo ya digrii 45 mashariki, mstari unaopita karibu na Mogadishu, na sisi tuko digrii 39 na ushei. Dunia huzunguka digrii 15 kila saa, yaani dakika 4 kwa digrii moja. Piga hesabu mwenyewe. Ndiyo maana mwezi wa Ramadhani mtu wa Kigoma hufuturu karibu dakika 40 baada yetu, ingawa saa zetu zinasoma sawasawa.

Mimi ni fundi saa, meza yangu iko Kariakoo, na hesabu hiyo ndiyo inayonifanya nimheshimu John Harrison kuliko fundi mwingine yeyote. Igeuze uone: ukiwa melini, ukajua ni saa ngapi bandarini ulikotoka, na jua likakuonyesha ni saa ngapi hapo ulipo, tofauti ya saa hizo mbili inakwambia uko digrii ngapi mashariki au magharibi. Mabaharia waliijua kanuni hiyo zamani. Walichokosa ni saa ya kuaminika. Mwaka 1707 meli nne za kivita za Uingereza ziligonga miamba ya visiwa vya Scilly na watu zaidi ya 1,400 wakafa maji. Mwaka 1714 Bunge la huko likatangaza zawadi ya hadi pauni 20,000 kwa atakayeweza kupata longitudo kwa kosa lisilozidi nusu digrii. Nusu digrii ni dakika 2. Kwa safari ya wiki sita, saa hairuhusiwi kupotea hata sekunde 3 kwa siku. Isaac Newton mwenyewe aliliambia Bunge kwamba saa ya namna hiyo haijatengenezwa, kwa sababu ya mitikiso ya meli, joto na baridi, ukavu na unyevu.

Harrison, aliyezaliwa Yorkshire, Uingereza, mwaka 1693, alikuwa seremala na mtoto wa seremala. Saa zake za kwanza alizichonga kwa mbao. Hapa ndipo nampendea. Mafuta ya saa enzi hizo yalikuwa mabaya, yakiganda na kunata, na mafundi wote walihangaika kutafuta mafuta bora. Yeye aliyaondoa kabisa: akatumia mbao ngumu inayotoa utomvu wake wenyewe wa mafuta. Saa yake ya mnara pale Brocklesby Park, ya miaka ya 1720, iliundwa kwenda bila kutiwa mafuta. Joto nalo alilipiga kwa akili. Shaba hutanuka kuliko chuma cha pua, basi akaunda pendulamu, ule uzani unaoning'inia na kubembea ili kuhesabu muda, ya vyuma vya aina zote mbili, kimoja kikishuka kingine kinapandisha, na urefu ukabaki uleule.

Saa yake ya kwanza ya baharini, H1, ilikamilika mwaka 1735. Ilikuwa na uzito wa kilo 34 hivi na mizani miwili, yaani vyuma vinavyobembea kuhesabu muda, iliyounganishwa ili mtikiso wa meli unaosukuma mmoja ufutwe na mwenzake. Ikafuata H2, kisha H3, iliyomlia karibu miaka 19. Wengi huiita H3 miaka iliyopotea, na kweli haikushinda zawadi. Nakataa. Ndani yake alibuni kipande cha metali mbili zilizogandamana ambacho hupinda joto likibadilika. Kizazi chake ndicho kinachozima pasi yako ya umeme ikipata moto wa kutosha. Humohumo alibuni beringi za vigurudumu vilivyofungiwa kwenye kifremu. Nenda eneo la Gerezani hapa Dar uulize beringi ya gari, utashika urithi wake mkononi, umejaa grisi. (Grisi ile angeichukia.)

Halafu akabadili njia. Badala ya mizani mikubwa inayocheza polepole, H4 ya mwaka 1759 ilikuwa kama saa kubwa ya mfukoni, kipenyo sentimita 13, yenye gurudumu linalogonga mara 5 kwa sekunde. Kitu kidogo kinachokwenda kasi hakiyumbishwi na wimbi. Saa nyingi za zamani za kutia ufunguo zinazoletwa mezani kwangu bado hugonga mara 5.

Mwaka 1761 mwanawe William aliipeleka Jamaika. Baada ya siku 81 ilikuwa imechelewa sekunde 5 tu, ukishatoa kosa lake la kila siku lililojulikana. Hapo wateja wangu hunibishia nikiwaambia: saa nzuri si ile isiyokosea kabisa, bali ile inayokosea kiasi kilekile kila siku, maana kosa hilo unalitoa tu.

Bodi ya Longitudo, iliyosimamia zawadi ile, ikasema ni bahati. Wakubwa wake walipendelea njia ya kupima mwezi na nyota, na mmoja wao, Nevil Maskelyne, akawa mkuu wa kituo cha kutazama nyota cha Greenwich na kukabidhiwa saa hizohizo azijaribu. Mwamuzi naye alikuwa mchezaji. Harrison alilipwa pauni 10,000 mwaka 1765 baada ya kulazimishwa kuifungua H4 na kueleza kila kipande chake. Mwaka 1773, baada ya Mfalme George III kuingilia kati, Bunge likampa pauni 8,750 zaidi. Alikuwa na miaka 80. Alifariki mwaka 1776. Mwaka uliotangulia nahodha James Cook alikuwa amerudi kutoka safari yake ya pili akiisifu nakala ya H4 iliyotengenezwa na Larcum Kendall.

Meli zinazoingia bandarini kwetu leo hutegemea setilaiti, lakini setilaiti za GPS nazo zimebeba saa, za atomu, na simu hupata mahali ilipo kwa kulinganisha muda wa mawimbi yanayotoka kwenye setilaiti kadhaa. Saa ya setilaiti moja ikikosea kwa sehemu moja ya milioni ya sekunde, wimbi lake linaonekana limesafiri mita 300 zaidi au pungufu. Bodaboda uliyemwita angekusubiri mtaa mwingine kabisa.