Bingwa wa 1951 alifungwa mechi ya mwisho

Ukisoma kwamba timu ya Chuo Kikuu cha Tennessee ilikuwa bingwa wa futiboli ya Kimarekani (American football, si soka) ya vyuo mwaka 1951, usidhani ilibeba kombe kwenye fainali. Fainali haikuwepo. Bingwa alipatikana kwa kura: shirika la habari la Associated Press liliwauliza waandishi wa michezo timu ipi bora, na kura ya mwisho ilipigwa Desemba, ligi zikishamalizika.

Tennessee ya kocha Robert Neyland ilikuwa imeshinda mechi zote 10, ikapewa taji. Kisha tarehe 1 Januari 1952 ikaenda New Orleans kucheza Sugar Bowl (moja ya mechi za Bowl, yaani mechi za mwaliko baada ya msimu) na Maryland, timu ambayo nayo ilikuwa haijafungwa msimu mzima. Ikachapwa 28-13. Ed Modzelewski wa Maryland peke yake alikimbia na mpira yadi 153.

Taji likabaki Tennessee. Kura zilishahesabiwa, na mechi za Bowl zilichukuliwa kama bonanza la mwaka mpya tu (bonanza lenye hela nzuri, lakini). Mwaka uliotangulia Oklahoma nayo ilifungwa 13-7 na Kentucky uwanja huohuo, ikabaki bingwa vilevile. Utaratibu wa kupiga kura baada ya Bowl ulijaribiwa msimu wa 1965, ukawa wa kudumu 1968.