Je, wajua kwa nini nusu ya muda wa mkopo wa nyumba haimalizi nusu ya deni?

Chukua mkopo wa nyumba wa 1,000,000, kwa sarafu yoyote. Riba ni asilimia 12 kwa mwaka, muda ni miaka 20, na rejesho la kila mwezi halibadiliki: 11,010.86. Mkopaji akilipa bila kuruka hata mwezi mmoja, miaka 10 ikitimia atakuwa ametoa 1,321,303, yaani zaidi ya fedha zote alizokopa. Akiomba taarifa ya mkopo wake siku hiyo, atakuta bado anadaiwa 767,463.

Maelezo yanayotolewa mara nyingi ni kwamba benki hukata riba yake yote kwanza, na ikisharidhika ndipo huanza kupunguza deni lenyewe. Jedwali la marejesho, linaloonyesha kila rejesho limegawanywaje kati ya riba na deni la msingi (fedha zenyewe zilizokopwa), linaonekana kuunga mkono maneno hayo, maana miaka ya mwanzo safu ya riba imejaa na safu ya deni la msingi ina vijisenti. Hata hivyo si kweli. Na kwa kuwa imani hiyo huwafanya watu waamue vibaya kwa miaka mingi, inafaa kuichambua bila haraka.

Kinachofanyika kila mwezi ni hesabu moja tu. Salio lililopo huzidishwa kwa kiwango cha riba cha mwezi, ambacho hapa ni asilimia 1. Mwezi wa kwanza salio ni 1,000,000, kwa hiyo riba ni 10,000. Rejesho ni 11,010.86. Toa riba, zinabaki 1,010.86, na hizo ndizo zinazopunguza deni. Mwezi wa pili salio ni 998,989.14, riba ni 9,989.89, na zinazokwenda kwenye deni ni 1,020.97. Inaendelea hivyo hadi mstari wa 240. Hakuna riba ya mwaka wa kumi na tano iliyosogezwa ikalipwa mwaka wa pili. Kila mwezi unalipa riba ya mwezi huo peke yake, juu ya fedha ambazo bado uko nazo.

Ushahidi ulio wazi zaidi unapatikana kwa kubadilisha kitu kimoja na kuacha mengine yote kama yalivyo. Baadhi ya mikopo hulipwa kwa kugawa deni la msingi sawasawa: 1,000,000 kugawanya kwa miezi 240 ni 4,166.67 kila mwezi, kisha riba ya salio inaongezwa juu yake. Kiwango ni kilekile, muda ni uleule, mkopeshaji ni yuleyule. Rejesho la kwanza linakuwa 14,166.67 na la mwisho 4,208.33. Baada ya miaka 10 salio ni 500,000 kamili. Jumla ya riba ni 1,205,000, wakati kwenye rejesho lisilobadilika ni 1,642,607. Tofauti ya zaidi ya 437,000 imetoka wapi? Mpango wa kwanza ulianza na rejesho dogo, kwa hiyo deni lilikaa kubwa kwa muda mrefu zaidi, na deni likikaa, riba inalifuata. Unafuu wa mwanzo ndio uliolipiwa. Benki haikujipanga foleni ya mbele.

Fikiria shamba la matuta 1,000 lililojaa magugu. Kila mwezi magugu huchipua upya kwa kadiri ya yale yaliyosimama: palipo na matuta 1,000 ya magugu, yanaongezeka mengine 10. Nguvu zako zinatosha kupalilia matuta 11 kwa mwezi. Basi mwezi wa kwanza, matuta 10 ya jasho lako ni ya kufuta kilichoota juzi, na tuta moja tu ndilo ulilolikomboa. Mwezi unaofuata yaliyosimama ni 999, kwa hiyo yanayoota ni pungufu kidogo ya 10, na sehemu unayokomboa inapanuka kwa unyoya. Jembe ni lilelile na saa za kazi ni zilezile. Lakini kila tuta lililosafishwa leo halizai magugu kesho, na nafuu hiyo inajijenga juu yake yenyewe. Ndiyo maana mwishoni shamba linasafishika kwa kasi ambayo mwanzoni isingeaminika. Anayeona mwezi wa kwanza tu atadhani kuna mtu anampandia magugu usiku.

Kasi hiyo ina alama mbili zinazoweza kuhesabiwa. Katika mkopo wetu, rejesho la 172 ndilo la kwanza ambalo zaidi ya nusu yake inakwenda kwenye deni la msingi. Hiyo ni miaka 14 na miezi 4. Na salio linashuka chini ya 500,000 kwenye rejesho la 180, yaani robo tatu ya muda imetumika kulipa nusu ya deni. La kustaajabisha ni kwamba alama ya kwanza haijali urefu wa mkopo. Kwa riba ya asilimia 1 kwa mwezi, hufika pale yanapobaki marejesho 69, iwe mkopo ni wa miaka 20 au 30. Kiwango kikiwa cha chini picha inalainika sana: kwa asilimia 5 kwa mwaka na miaka 20, hatua hiyo hufikiwa kwenye rejesho la 75, na riba yote ni takriban 584,000.

Sasa hasara ya ile imani. Anayeamini kuwa riba ililipwa mwanzoni husema hivi mwaka wa kumi na moja: riba yao wameshaimaliza, kulipa haraka hakuna faida tena. Turudi kwenye jedwali. Mwezi wa kwanza, mkopaji akiongeza 1,020.97 juu ya rejesho lake, ambayo ni sehemu ya deni la msingi ya mstari wa pili, anaruka mstari huo mzima. Mwishoni mwa mkopo kuna rejesho moja la 11,010.86 ambalo hatalilipa kamwe. Ameokoa 9,989.89. Mwezi wa 121, kuruka mstari mmoja kunagharimu 3,369.60 na kunaokoa 7,641.26. Ni kweli kwamba mapema ni bora, lakini faida bado ipo, tena kubwa kuliko wengi wanavyodhani.

Hapa kuna mtego wa utekelezaji unaofuta karibu faida yote. Fedha za ziada zikipokewa, mkopeshaji anaweza kuzitumia kwa njia tatu. Anaweza kuzihesabu kuwa rejesho la mwezi ujao lililolipwa mapema, na hapo deni halikuguswa. Anaweza kupunguza deni kisha akashusha rejesho la kila mwezi na kuacha tarehe ya mwisho palepale: ile 1,020.97 inashusha rejesho kwa takriban 11.25 tu, na kufikia mwisho umeokoa kama 1,670. Au anaweza kupunguza deni, akaacha rejesho kama lilivyo na kufupisha muda, na hapo ndipo unapata ile 9,989.89. Kwa hiyo maelekezo yatolewe kwa maandishi: fedha zipunguze deni la msingi, rejesho libaki, muda ufupishwe. Kisha omba jedwali jipya na uangalie mstari wa mwisho uko mwezi gani. Soma pia mkataba kabla ya kulipa, maana baadhi ya mikataba ina adhabu ya kulipa kabla ya muda, hasa mikopo yenye riba isiyobadilika.

Anayeongeza 1,000 kila mwezi tangu mwanzo anamaliza kwa miezi 180 badala ya 240, na anaokoa takriban 485,000.

Muda ndio sehemu ambayo mkopaji huamua kwa kutazama namba isiyo sahihi. Mkopo huohuo kwa miaka 15 una rejesho la 12,001.68 na jumla ya 2,160,302. Kwa miaka 20 rejesho ni 11,010.86 na jumla 2,642,607. Kwa miaka 30 rejesho ni 10,286.13 na jumla 3,703,005. Miaka kumi ya nyongeza, kutoka 20 hadi 30, imepunguza rejesho kwa 725 hivi na kuongeza gharama kwa zaidi ya 1,060,000. Sababu ni ileile ya magugu: rejesho haliwezi kushuka chini ya 10,000 hata ukipewa miaka mia, kwa kuwa 10,000 ndiyo riba ya mwezi wa kwanza, na chini ya hapo deni linakua. Kadiri unavyokaribia sakafu hiyo, kila mwaka unaoongezwa unakupa unafuu mdogo zaidi kwa bei kubwa zaidi.

Sakafu hiyo inaeleza pia kinachotokea riba inapopanda kwenye mikopo yenye kiwango kinachobadilika. Baada ya mwaka mmoja wa marejesho, salio letu ni 987,180. Kiwango kikipanda hadi asilimia 14, riba ya mwezi inakuwa 11,517, ambayo inazidi rejesho lenyewe. Mkopeshaji akiacha rejesho palepale na kurefusha muda, kama baadhi wanavyofanya, deni linaota kwa takriban 506 mwezi wa kwanza, na zaidi kidogo kila mwezi unaofuata, huku mkopaji akilipa kwa uaminifu. Mpaka wa hatari hapo ni asilimia 13.4 tu. Ukipokea barua inayosema kiwango kimepanda lakini rejesho halijabadilika, usifurahi kabla ya kuhesabu salio mara kiwango gawanya kwa 12.

Kuhamisha mkopo kwa mkopeshaji mwenye riba nafuu kuna mtego wa aina hiyohiyo. Tuseme mwaka wa kumi unahamisha lile salio la 767,463 kwa asilimia 11, lakini mkataba mpya ni wa miaka 20. Rejesho linashuka hadi 7,922 na kila mtu anakupongeza. Jumla ya kulipa ni 1,901,000 hivi, wakati mkopo wa zamani ulikuwa umebakiza 1,321,303. Ukihamisha kwa asilimia hiyohiyo 11 na kubakisha miaka 10, rejesho ni 10,572 na unaokoa karibu 53,000, kabla ya kutoa ada za kuhamisha. Kiwango kilikuwa kizuri. Tatizo ni kuanza upya kwenye mstari wa kwanza wa jedwali.

Linganisho lolote la viwango lianze na swali moja: riba inakokotolewa kwenye salio linalopungua, au kwenye mkopo wa awali kwa miaka yote? Asilimia 7 inayotozwa kwenye mkopo wa awali kwa miaka 20 ni sawa na takriban asilimia 10.5 kwenye salio linalopungua. Halafu jumlisha ada ya kuandaa mkopo, tathmini ya nyumba, mwanasheria, usajili wa dhamana, bima ya maisha na bima ya moto. Bima hasa ni za kila mwaka, na watu huzisahau.

Kuhusu hizi jumla kubwa, tahadhari moja. Kuhesabu 2,642,607 kama gharama halisi ya mkopo kunachanganya fedha za mwaka wa kwanza na za mwaka wa ishirini kana kwamba zina thamani sawa. Mfumuko wa bei ukiwa asilimia 5 kwa mwaka kwa muda wote, rejesho la mwisho la 11,010.86 litakuwa na uwezo wa kununua wa takriban 4,150 za leo. Ila mfumuko wa miaka 20 ijayo hauwezi kujulikana leo, na mishahara haipandi nao sambamba kwa kila mtu. Jumla hizo zinafaa kulinganisha mkopo mmoja na mwingine. Hazifai peke yake kuamua kama kukopa ni kubaya, kwa kuwa anayeishi kwenye nyumba hiyo halipi kodi ya pango.

Kulikagua jedwali lako, fungua karatasi ya hesabu kwenye kompyuta na uweke safu nne: rejesho, riba, deni la msingi, salio. Riba ni salio la mstari wa juu mara kiwango gawanya kwa 12. Deni la msingi ni rejesho kutoa riba. Salio jipya ni la zamani kutoa deni la msingi. Nakili mstari hadi mwisho na ulinganishe na karatasi ya benki. Namba zikipishana kidogo, kwa mfano mwezi wa kwanza unasoma 10,191.78 badala ya 10,000, huenda riba inahesabiwa kwa siku: siku 31 kati ya 365. Februari itasoma pungufu na mwaka utakaribia kusawazika. Tofauti ikibaki kubwa hata baada ya kuhesabu siku, tazama salio la kuanzia kabla ya kulaumu kiwango. Mara nyingi utakuta ada au bima ya mwaka wa kwanza iliongezwa kwenye deni, na sasa nayo inatozwa riba kwa miaka 20.